Iakovos Melissaris, Aliyefuta Kuliko Alivyoandika

Marehemu baba yangu, Iakovos Melissaris, hakuwahi kukosa penseli sikioni. Alilala nayo. Siku Rais alipomvika nishani ya mshairi wa taifa ilikuwa pale pale, imetafunwa kwa nyuma. Hakuitumia sana kuandika. Aliitumia kufuta.

Alizaliwa tarehe 14 Februari 1938 hapa kisiwani Kimolos, mtoto wa pekee wa Zannis, mchimba udongo mweupe, na Kalliopi. Alisoma shule ya msingi hapa, sekondari katika kisiwa cha Milos, na mwaka 1956 akaenda Athene kusomea sheria. Mwaka wa tatu aliacha. Alimweleza baba yake kwamba sheria ikishapitishwa haiguswi tena, jambo ambalo si kweli, na mzee hakumsemesha hadi Pasaka.

Mwaka 1968 serikali ya kijeshi ilimfunga katika kisiwa kikavu. Alinyimwa karatasi, kwa hiyo "Wimbo wa Mwamba" aliutunga kichwani, na wafungwa wenzake wakauhifadhi. Kila asubuhi aliwaamsha kuwaambia ameubadilisha. Leo kila mtoto wa Ugiriki anaujua, na hapo ndipo ilipo tabu, maana kila chapa ilitoka na maneno mengine. Kila tarehe 25 Machi, sikukuu ya taifa, katika uwanja wetu huu, babu, baba na mjukuu hughani shairi moja kwa namna tatu, huku wakitazamana kwa hasira. Mwaka 2011 binti mmoja wa shule alikuwa akighani, marehemu akanyanyuka kitini.

"Hapo nimebadilisha, mwanangu."

"Lakini kitabuni iko hivi, babu."

"Kitabu kimezeeka."

"Na wewe je?" Mama alimfokea kutoka nyuma. "Keti, mzee wewe! Hata 'Baba Yetu' ungeisahihisha!"

"Mstari mmoja tu, Marouso."

Huyo Marouso, binti wa mwoka mikate, alifunga naye ndoa tarehe 2 Septemba 1973. Mataji ya arusi yakiwa vichwani, bwana arusi alimnong'oneza padri kwamba sala ni ndefu. Mama alifariki mwaka 2013. Ilipotimia miaka mitatu, kama ilivyo desturi yetu, alifukuliwa ili mifupa ioshwe kwa divai. Kazi hiyo ni ya wanawake. Baba alitufukuza, akaiosha mwenyewe, polepole, akailaza katika sanduku lenye nafasi ya wawili.

"Nisubiri," alimwambia.

Mwaka uliofuata alimwahidi Waziri wa Utamaduni kwamba atazikwa Athene, katika kaburi la marumaru lisilofukuliwa kamwe. Kwa nini? Kwa sababu Waziri aliomba kwa upole, na Baba hakuwahi kumkatalia mtu usoni. Alikubali kila kitu, akitumaini kurekebisha baadaye. Kaburi hilo limeshachimbwa. Ratiba mliyoishika, iliyochapwa na wizara, inasema jeneza litaondoka kwa meli ya saa tisa, na mwakilishi wa Waziri, aliyeketi hapo mbele, ameshaanza kutazama saa.

Mapafu yalianza kumsumbua Januari 2022. Daktari alimkataza sigara, akakubali. Alimkataza ngazi, akakubali. Akaendelea na vyote viwili. Alifariki nyumbani, alfajiri ya Jumatano, tarehe 9 Oktoba 2024.

Ameacha watoto wawili, mimi Evanthia na kaka yangu Zannis, mjukuu mmoja, Marouso, wajina wa Mama, na shairi ambalo halijaisha. Mungu ampe utulivu ambao yeye hakutupa sisi.

Jumanne jioni, mkesha wa kifo chake, uvumilivu ulinishinda, nikampigia kelele mgonjwa.

"Baba, Waziri umemwahidi, Mama umemwahidi. Mwili ni mmoja! Nikuzike wapi?"

Mkono wake ulipanda taratibu hadi sikioni. Akaichomoa penseli, akaniwekea kiganjani.

"Futa Athene, mwanangu."