Jozi za Hasi Kumi na Mbili

Noah yetu ya abiria kutoka Sepuka ilikuwa haijafika hata lami, na Janeth, binti wa sekondari aliyekaa mbele yangu, alishaanza kushangilia peke yake. "Tatu na hasi nne! Hasi sita na mbili!" Mzee Antipasi, jirani yake wa kiti, akamuuliza kama ana malaria.

"Shikamoo mzee. Natafuta jozi zinazozaa hasi kumi na mbili."

"Marahaba. Hasi tatu na hasi nne je?"

"Hapana, hasi ukizidisha kwa hasi unapata chanya."

"Uongo!" mzee akafoka. "Mke wangu kanuna kwa sababu nimechinja jogoo wake wa mbegu. Mimi nimenuna kwa sababu firigisi kampa kaka yake. Chanya iko wapi?"

"Labda mnajumlisha, mzee."

Gari zima tukacheka. "Na mmoja wetu akicheka?" mzee akauliza.

"Chanya kwa hasi. Jibu hasi," Janeth akasema. Mimi hesabu ziliniacha darasa la tano, lakini hilo nililielewa, maana nimeoa.

Utemini gari likasimama. Mke wa mzee alikuwa kituoni, amenuna mpaka kanga yake. Mzee akashuka, na mashavu yakaanza kumcheza kwa kicheko.

"Nuna, mzee!" tukampigia kelele madirishani. "Nuna!"