Mikono Miwili ya Begi

Mchezaji akiifunga timu aliyowahi kuichezea, hashangilii. Wasikilizaji wapendwa, kanuni hii haimo katika kitabu cha waamuzi, wala hakuna kadi inayotolewa kwa anayeivunja. Hata hivyo kila mpenzi wa kandanda anaijua. Unafunga, unainamisha kichwa, unarudi katikati ya uwanja mikono ikiwa chini. Ndiyo heshima yenyewe.

Leo tunamkumbuka mtu aliyeishika kanuni hiyo kuliko wote niliopata kuwatangaza. Alikuwa mshambuliaji. Alicheza miaka kumi na minane. Alichezea timu kumi na moja. Narudia, wasikilizaji: miaka kumi na minane, timu kumi na moja. Mashabiki walimwita Begi, kwa sababu hakuna uwanja alioingia bila begi lake la turubai la rangi ya kahawia, na hakuna mji aliokaa hata begi hilo likapata vumbi.

Begi hakuwa nyota. Nasema hivyo bila kumvunjia heshima, kwa kuwa yeye mwenyewe alikuwa wa kwanza kusema. Alikuwa mtu wa kuziba pengo. Mshambuliaji wa timu akivunjika mguu, viongozi walimpigia simu Begi. Aliyevunjika akipona, Begi alikunja nguo zake. Alifunga mabao tisini na saba, na mengi katika hayo yalikuwa ya karibu, ya goti, ya ugoko, ya kugombania na beki mpaka wote wawili wakaingia wavuni pamoja na mpira.

Lazima nieleze kanuni ile ilivyomwingia. Mama yake alikuwa fundi cherehani. Ndiye aliyeshona jezi za timu yake ya kwanza. Begi alipokuwa na miaka ishirini, alisajiliwa na timu ya pili, akarudi kucheza dhidi ya ile ya kwanza. Akafunga. Akakimbia mpaka mbele ya jukwaa la wenyeji, akainua mikono, akakata kiuno. Mama yake alikuwa ameketi katika jukwaa hilohilo, pamoja na watu waliompa kazi.

Jioni alimkuta mama yake mashineni. Mama hakuinua uso.

"Umefurahi?" akamuuliza.

"Nimefunga, Mama."

"Nimekuona. Hizo jezi ulizokuwa ukizikatia kiuno nilizishona mimi. Ile ya mlinda mlango niliitia kiraka juzi, kwapani. Sasa kesho nikienda kudai kazi nyingine niwaambie mimi ni mama wa nani?"

Begi aliomba radhi. Akamwahidi mama yake kwamba hatainua tena mikono juu ya watu aliokula chumvi yao. Alikuwa na miaka ishirini. Ahadi hiyo aliishika mpaka alipoacha kucheza.

Sasa fanyeni hesabu pamoja nami, wasikilizaji wapendwa. Mtu anayechezea timu moja au mbili haumizwi na kanuni hii. Begi alichezea kumi na moja. Ligi ilikuwa na timu kumi na nne. Alipofika timu ya kumi na moja, zilibaki tatu tu ambazo hakuwahi kuvaa jezi zake. Wenzake walimtania katika chumba cha kubadilishia nguo. "Begi, mwaka mzima una mechi sita za kucheka. Na hizo sita, kocha atakuweka benchi." Begi alicheka nao. Kucheka chumbani kuliruhusiwa.

Nilizungumza na mama mwenye nyumba aliyempangisha chumba alipokuwa timu ya nane. Ni mama mtu mzima, na anakikumbuka chumba kile kama kilivyokuwa. Kitanda kimoja, meza, kiti, na msumari nyuma ya mlango. Begi lilining'inia kwenye msumari.

"Nilimpa kabati zuri," aliniambia. "Miezi tisa, kabati lile halikutiwa hata soksi. Kila akitaka shati, analitoa begini, na jioni analirudisha begini. Nikamwambia, baba, hapa si kituo cha basi. Akacheka tu. Siku moja nimepita na ufagio, namwona amemimina chai vikombe viwili. Nikamuuliza, leo una mgeni? Akasema, 'Hapana, mama. Birika ndilo kubwa.'"

Mkewe na binti yao wa pekee walibaki nyumbani. Mkataba wa msimu mmoja haumhamishi mtoto shule. Safari ilikuwa ya siku mbili. Kwa hiyo Begi aliwasikia kwa simu, nao wakamsikia kwetu redioni.

Binti alipokuwa na miaka saba, alimwekea baba yake sharti. Mkewe, sasa mjane, ananisimulia kwamba Begi alikuwa amepiga goti sakafuni, anafunga zipu ya begi, ameagwa tayari.

"Baba, siku nikija uwanjani, ukifunga, inua mkono nijue umeniona."

"Mkono mmoja unatosha, mama? Nitainua yote miwili."

"Yote miwili?"

"Yote miwili. Mpaka useme basi."

Hiyo ilikuwa ahadi ya pili. Ya kwanza alimpa mama yake, ya pili akampa bintiye. Siku ile Begi hakuona kwamba zinaweza kugongana.

Katika timu ya nane aliangukia ukingo wa saruji, bega la kulia likatoka mahali pake. Lilirudishwa vibaya. Tangu hapo mkono wa kulia haukupanda tena kupita bega. Lakini mwezi uliofuata alicheza, akaifunga mojawapo ya zile timu chache zisizokuwa zake. Akapiga simu nyumbani.

"Jumamosi nimeinua mkono," akamwambia bintiye.

"Kwa nani?" mtoto akauliza.

Mjane anasema mumewe aliuliza habari za shule.

Binti alikwenda uwanjani mara mbili tu katika maisha ya baba yake ya kandanda. Mara mbili. Mara ya kwanza alikuwa na miaka tisa. Begi alifunga kwa kichwa. Mtoto akasimama juu ya kiti, akapunga mikono yote. Wapinzani walikuwa timu yake ya tano. Begi aliinamisha kichwa, akarudi katikati ya uwanja. Ndani ya basi la kurudi nyumbani, mtoto alimuuliza mama yake, "Kwani hakuniona?"

Mara ya pili alikuwa na miaka kumi na mitatu, na ilikuwa mechi ya mwisho ya Begi. Timu ya kumi na moja ilicheza na ile ya kwanza kabisa, ile iliyoshonewa jezi na mama yake. Fundi yule alikuwa ameshafariki. Dakika ya sabini mpira ulirudi kutoka mlingoti, ukamgonga Begi gotini, ukaingia. Nilikuwa kwenye kibanda cha matangazo. Nilisema hewani, nayakumbuka maneno yangu: "Tazameni adabu ya mtu huyu. Hata siku ya kuaga, mikono iko chini." Nilijisikia nimesema vyema. Sikujua kwamba safu ya nne, binti mmoja alikuwa akinyanyuka na kutoka nje kabla ya filimbi.

Nje ya geti baba na mtoto walikutana. Binti mwenyewe amenipa ruhusa ya kuyasema.

"Umewaheshimu watu waliokuacha, Baba. Mimi ukaniacha nimesimama."

"Watu wale walinilisha, mama. Nilimwahidi bibi yako."

"Na mimi uliniahidi nini?"

Begi alishika begi lake kwa mkono wa kushoto, wakapanda basi, wakakaa viti viwili tofauti.

Baada ya hapo baba na binti hawakugombana. Ingekuwa afadhali wangegombana. Walisalimiana. Begi alipata kazi ya kutunza vifaa katika klabu ndogo: mipira, koni, jezi za mazoezi, pampu ya upepo. Alikuwa na chumba chenye rafu tatu, na nyuma ya mlango akapigilia msumari. Binti akasoma, akawa muuguzi, akahamia mbali. Alipiga simu sikukuu kwa sikukuu. "Hujambo, Baba. Dawa unakunywa?" Mpishi wa klabu, rafiki yake Begi, anasema mzee alikuwa akiiweka simu mezani baada ya mazungumzo hayo na kuitazama kama mtu aliyesahau alichotaka kusema.

Alifariki wiki mbili zilizopita kwa ugonjwa wa moyo. Alikuwa na umri wa miaka sitini na miwili. Mkewe alipofungua begi, alikuta mashati manne yaliyokunjwa vizuri, pampu ndogo ya mpira, na tikiti mbili za uwanjani zilizochanwa, za siku zile mbili.

Kwa niaba ya kituo hiki natoa pole kwa mjane, kwa binti yake, na kwa wafanyakazi wa klabu aliyoitumikia. Mungu awatie nguvu. Nanyi wasikilizaji wapendwa, ninyi mnaoshika kanuni, kama mimi nilivyolelewa kuzishika, nawaomba mtafakari. Kanuni ni njema. Lakini ulizeni ni nani anayeketi safu ya nne akiilipia kanuni yenu. Mimi niliisifu heshima ya Begi miaka mingi, na sikuuliza.

Nimebakiza jambo moja, na nimelibakiza makusudi.

Miezi minne kabla hajafariki, klabu ilifunga msimu kwa mchezo wa kujifurahisha: watu wa ofisini dhidi ya watu wa kazi za mikono. Dereva, mtunza nyasi, dobi, na Begi upande mmoja. Upande wa pili karani, mhasibu, na, kwa kuwa ofisi ilipungukiwa mtu, mpishi akawekwa golini. Begi alimpigia bintiye simu siku ya kawaida, si sikukuu.

"Njoo Jumamosi, mama. Nacheza."

"Baba, daktari amekukataza kukimbia."

"Kukimbia, ndiyo. Hakunikataza kusimama mbele ya goli. Ndiyo kazi niliyoifanya miaka kumi na minane."

Binti akauliza, "Mnacheza na nani?"

"Na watu wa ofisini. Sijawahi kuwachezea. Nimehakikisha."

Alikuja. Safari ya siku nzima. Alikaa peke yake kwenye ubao pembeni mwa uwanja, na sare yake ya kazi ndani ya mfuko. Begi alisimama mbele ya goli nusu saa, hakuguswa na mpira. Kisha dereva alipiga shuti baya, likapinda, likamgonga Begi ugokoni, likampita mpishi aliyekuwa akifunga kamba ya kiatu.

"Begi, huo ni wizi!" mpishi akapiga kelele.

Begi alitembea polepole mpaka kwenye mstari, mbele ya ule ubao. Akainua mkono wa kushoto. Wa kulia ukapanda, ukakwama begani. Akashusha wa kushoto, akaushika nao ule wa kulia kwenye kifundo, akausukuma juu, sentimita kwa sentimita, meno yakiwa yameumana, mpaka yote miwili ikawa juu ya kichwa. Akabaki hivyo.

"Mzee, shusha basi, tuanze upya!" mpishi akasema.

"Subirini," akasema Begi. "Nimechelewa miaka thelathini na mmoja."

Wakasubiri. Karani, dobi, mhasibu, wote. Binti akasimama kutoka kwenye ubao, akavuka mstari, akafika mbele yake.

"Nimejua umeniona, Baba," akasema. "Basi. Shusha, utaumia."

Akaishusha.