Gordon Mulei: Kutoka Mgodi wa Yorkshire hadi Uwanja wa Emali

Wapendwa waombolezaji, mimi ni Musyimi, shemeji wa marehemu. Dada yangu Kasyoka amenipa kazi ya kuwasomea maisha ya mume wake, na ameniomba nisome polepole, nisichangamke. Nitajaribu.

Gordon Hebblethwaite alizaliwa tarehe 14 Machi 1962 katika kijiji cha wachimba makaa ya mawe karibu na mji wa Wakefield, Yorkshire, Uingereza. Alikuwa mtoto wa pili wa marehemu Walter, aliyefanya kazi chini ya ardhi kwa miaka thelathini na minne, na marehemu Edna, aliyekuwa mpishi wa shule. Jina lake la ukoo lilitushinda sisi wote hapa Mulala. Mama yetu, marehemu Kanyiva, alijaribu mara mbili, akaacha, akamwita Mulei. Kwa Kikamba, Mulei ni mtu aliyekataa. Alikuja kwetu kwa wiki sita, akakataa kurudi kwao.

Alisoma shule ya kijiji chao, kisha sekondari, akamaliza mwaka 1978. Mwenyewe alisema alikuwa mzuri kwa hesabu na kwa kutoroka kwaya. Akiwa na miaka kumi na sita aliingia mgodini pamoja na baba yake, na jioni alichezea timu ya wachimba migodi. Raga ya kwao ni ya watu kumi na watatu kila upande, si kumi na watano. Timu yenye mpira ikiangushwa mara sita, inawaachia wapinzani. Kwa hivyo hakuna dakika ya kusimama na kushika kiuno.

Mwaka 1982 klabu moja ya kulipwa ilimsajili. Kwa misimu kumi na miwili alicheza mechi 211 katika safu ya mbele, mahali ambapo mtu hupokea mpira akijua watu watatu wakubwa wanakuja kumwangusha. Alivunjwa pua mara nne. Tulipomuuliza kama aliumia, alisema, "Ya tatu ilinyoosha ya kwanza." Goti lilimtoa uwanjani mwaka 1994, na mwaka uliofuata akawa kocha. Alifundisha timu ndogo za kaskazini mwa Uingereza kwa miaka kumi na miwili. Mwaka 2003 aliichukua timu iliyokuwa ya mwisho kwenye ligi yake na kuifikisha kileleni. Mwaka 2007 timu nyingine ikamfuta kazi kwa simu, akiwa dukani ananunua maziwa. Alinunua maziwa, akaenda nyumbani.

Julai 2009 kanisa la kwao lilituma watu wa kujitolea kuja Makueni kuchimba bwawa la maji. Gordon alisema kuchimba anajua. Saruji waliichukua Emali katika duka la vifaa vya ujenzi la Kasyoka, na kila siku ilipungukiwa na mfuko mmoja, ikabidi Gordon arudi. Bwawa lilimalizika likiwa na saruji ya kutosha kujenga la pili.

Siku ya mnada wa ng'ombe pale Emali, aliwaona vijana wakipakia mifugo kwenye malori. Fahali mmoja alikataa kupanda. Vijana watatu waliinama, wakamwekea bega moja kila mmoja, wakasukuma kwa pamoja, na fahali akapanda. Gordon aliacha chai yake mezani, akavuka barabara mbio. "Nyinyi! Nani alifundisha nyinyi hiyo?" Wakadhani wamefanya makosa. Februari 2010 vijana hao walikuwa timu, na timu hiyo iliitwa Nzau, yaani fahali.

Marehemu na Kasyoka walifunga ndoa ya kimila tarehe 16 Aprili 2011 hapa hapa nyumbani, na ya kanisani mwezi Agosti. Wale waliokuwepo siku ya kuleta mbuzi za ntheo, zile za kumposa binti kimila, wananisaidia kucheka sasa. Wazee walikuwa wameketi, maombi yanaendelea, mbuzi mmoja akakata kamba na kuelekea kwenye mkonge. Bwana harusi, suti mpya, umri miaka arobaini na tisa, goti bovu, aliruka juu ya benchi, akapiga hatua nne na kumdaka yule mbuzi miguu ya nyuma, wakalala chini wote wawili. Alipoinuka, mbuzi kwapani, mfuko wa koti umening'inia, Mama alisema, "Huyu apewe msichana leo. Hayo mengine tutaongea baadaye." Walijaliwa watoto wawili, Kanyiva na Walter Mutunga.

Sasa nifike mahali ambapo niliambiwa nisichangamke.

Septemba 2017 Nzau ilifika fainali ya kombe letu la Ukambani dhidi ya timu ya mji wa Kitui. Dakika moja ikiwa imebaki, tukiwa nyuma kwa pointi mbili, Kitheka, mpakiaji wa ng'ombe na nahodha wetu, alivuka mstari peke yake. Ilibaki kuuweka mpira chini tu. Ukamponyoka mkononi. Tukapoteza. Kitheka alitoka uwanjani bila kuoga, akazima simu, na hatukumwona tena. Baada ya wiki mbili tulisikia yuko Tseikuru, kaskazini kabisa mwa Kitui, anapakia mbuzi.

Gordon alisema anaenda. Kasyoka alimwambia, "Ni siku nzima kufika huko, na huyo ni mtu mzima. Mwache atulie."

"Nitarudi kesho kutwa," akasema.

Niliandamana naye, kwa hivyo haya niliyasikia kwa masikio yangu. Tulimkuta Kitheka kwa Bulle, mfanyabiashara wa mifugo. Alipomwona kocha alienda nyuma ya lori. Gordon akamfuata, akaketi chini kwenye samadi ya mbuzi.

"Koch, rudi tu," Kitheka akasema. "Nimewaaibisha."

"Mimi pia niliangusha. Mwaka themanini na tisa. Fainali. Watu elfu kumi na mbili waliona."

Mimi nilikuwa nimemjua miaka minane. Hakuwahi kutaja jambo hilo, hata kwa mke wake.

Kitheka akauliza, "Wakakufanya nini?"

"Hakuna kitu. Hiyo ndiyo mbaya. Nilikaa kwa nyumba ya mama wiki tatu, nangoja mtu wa timu abishe mlango. Hakuna mtu alikuja." Akafuta uso kwa mkono, tukajifanya ni vumbi. "Sasa mimi nimekuja. Chukua begi."

Kitheka alichukua begi. Lakini Bulle, aliyekuwa amesimama pale akisikiliza yote, akasema, "Mzee, huku kwetu vijana wenye nguvu ni wengi na hawana mchezo. Wafundishe kidogo kabla uende." Kidogo ikawa siku tisa. Gordon alimpigia Kasyoka simu kumwambia amempata Kitheka na timu nyingine moja. Sote tulisikia jibu la Kasyoka bila spika: "Ulienda kuchukua mtu mmoja!" Hivyo ndivyo timu ya Tseikuru ilivyozaliwa, nahodha wake akiwa Nuradin, mtoto wa Bulle. Kila muhula Gordon alipanda kwenda huko kuwafundisha, na kila mara alirudi na nyama ya mbuzi na hadithi mpya.

Halafu tarehe 8 Septemba 2018, fainali, Makindu, Kitui tena! Kumi na sita kwa kumi na nne, wao wako mbele. Dakika ya mwisho. Tumeangushwa mara tano. Mpira ukatoka nyuma, ukaenda kushoto, na nani yuko pale? Kitheka! Watu walishika vichwa. Gordon peke yake alipiga kelele: "Mpe! Mpe huyo huyo!" Akampita wa kwanza, akambeba wa pili mgongoni, wa tatu akamshika kiuno, wakaanguka pamoja, na mpira ukagusa chini ndani ya mstari, mikono miwili juu yake kama mtu anayefunika sufuria. Trai, pointi nne! Kumi na nane kwa kumi na sita! Mimi nilijikuta katikati ya uwanja na kiatu kimoja. Gordon hakukimbia. Alikaa kwenye nyasi akalia kama mtoto, na Kitheka akaja akakaa kando yake.

Kasyoka, samahani. Narudi polepole.

Mwaka 2023 marehemu alianza kukosa pumzi. Madaktari walisema ni vumbi la mgodini, lililokaa mapafuni miaka yote hiyo. Aliendelea kufundisha akiwa kwenye kiti cha plastiki. Aliposhindwa kupuliza filimbi, Kasyoka alimpulizia, na kila alipoona vijana wamechoka alipuliza bila kuulizwa, yeye na mumewe wakagombana mbele ya timu nzima. Oktoba mwaka huu alilazwa katika hospitali ya mji wa Wote. Tunawashukuru wauguzi, ambao aliwafundisha kutoa pasi za raga kwa mto wa kitanda. Aliaga dunia Jumanne tarehe 11 Novemba 2025, saa nne asubuhi, mkono wake ukiwa mkononi mwa mke wake. Alikuwa na umri wa miaka sitini na mitatu.

Ameacha mke wake Kasyoka, watoto wake Kanyiva na Walter Mutunga, na dada yake Maureen, aliyesafiri kutoka Yorkshire na yuko hapa mbele. Ameacha mashemeji, na wachezaji wa Nzau na wa Tseikuru, ambao watabeba jeneza kwa zamu.

Tangazo moja la familia. Leo ilikuwa siku ya mechi ya ligi, Nzau na Tseikuru. Viongozi wa ligi walitaka kuiahirisha. Nuradin na wenzake walifika jana kwa lori la mbuzi, na Kasyoka akasema hawatarudi bila kucheza. Mpira unaanza saa tisa na nusu, uwanja wa shule hapo chini. Pointi ni za kweli. Maureen ndiye atakayepiga mpira wa kwanza, na ameniambia nisimwonee huruma, alikuwa akicheza na kaka yake huyu.

Mungu akupe pumziko jema, Mulei. Tukitoka hapa, tunaenda kupasha misuli.