Mama Émérence, Uma Mmoja na Mandazi ya Botswana

Tarehe 5 Julai mwaka huu wa 2025, Mama Émérence Ngoie, mwalimu wetu wa jiografia, anastaafu baada ya kuitumikia shule yetu ya Panda, hapa Likasi, kwa miaka arobaini na mmoja. Alipoingia mara ya kwanza, nchi ilikuwa Zaire, mwandishi wa makala haya alikuwa mwanafunzi wa dawati la nyuma, na ukuta wa darasa la tano ulikuwa mtupu. Leo nchi ni Kongo, mimi nafundisha hisabati chumba cha jirani, na ukuta ule umejaa dunia nzima.

Dunia hiyo aliichora mwenyewe, mwezi wake wa kwanza kazini. Nchi tajiri za Magharibi alizipaka bluu, za kikomunisti nyekundu, na zilizobaki zote njano. Sisi tulikuwa wa njano. Akatueleza jina letu lilikotoka: mwaka 1952 Mfaransa mmoja aliandika gazetini juu ya “Dunia ya Tatu”, akikumbuka tabaka la tatu la Ufaransa ya kale, watu waliobeba mizigo yote na wasiosikilizwa na mtu. Tukaandika daftarini. Ndipo Gracien wa dawati la mbele, mtoto wa fundi wa kuchomelea, akanyoosha mkono kuuliza juu ya hao waliotuhesabu: “Madame, bo balianzia wapi kuhesabu?”

Darasa zima liliangua kicheko. Mama Émérence hakucheka. Alisema swali hilo ni zuri kuliko somo lenyewe, na tangu siku hiyo amelitoa katika mtihani wa mwisho wa muhula kila mwaka. Wengi wetu tulilikosa, nami nikiwemo.

Majina yenyewe hayakutulia. Mwaka 1949 rais mmoja wa Marekani alikwisha kuzungumza hotubani juu ya sehemu za dunia zilizo nyuma kimaendeleo. Baadaye tukaambiwa sisi ni nchi “zinazoendelea”. Kisha tukawa “Kusini”, na hapo Mama Émérence alikuwa akiigonga Australia kwa rula, akiuliza hii nayo iko upande gani. Mwanzoni mwa miaka ya tisini ukomunisti ulianguka, na rangi nyekundu ikakosa mwenyewe. Alipanda juu ya dawati na brashi yake, akaipaka Urusi chokaa, na ikabaki nyeupe wiki nzima huku akiwaza. Wakati huohuo, mwaka 1991, Umoja wa Mataifa uliiingiza nchi yetu katika orodha ya nchi zilizo nyuma kuliko zote.

Hakuwahi kutudanganya kwamba orodha hiyo ni uzushi. Alitufundisha vipimo vyake: kipato cha watu, afya na elimu yao, na jinsi uchumi unavyoyumba mambo yakiharibika. Alisema homa lazima ipimwe, na kipimajoto si tusi. Kosa ni kumpima mtoto ukamkuta na homa, halafu ukambatiza jina la Homa.

Botswana ilipotoka katika orodha hiyo, mwaka 1994, alikuja darasani na beseni la mandazi. Watoto walishangilia Botswana kama timu yao ya mpira. Ikawa desturi. Tulikula mandazi ya Cape Verde, ya Maldivi, ya Samoa. Mwaka Vanuatu ilipotoka, hakuna aliyejua iko wapi mpaka beseni lilipokwisha. Walimu wa masomo mengine, ambao siku za kawaida hawana habari na jiografia, walianza kuulizia maendeleo ya Bhutan.

Lakini somo lake lililojulikana mji mzima ni lile la uma. Baba yake alikuwa karani hapa Panda, enzi Likasi ikiitwa Jadotville. Wakati ule utawala wa Wabelgiji uliwagawa watu weusi kama leo zinavyogawanywa nchi: kulikuwa na wale walioitwa évolués, yaani waliohesabiwa kuwa wamekwisha kupiga hatua, na kulikuwa na wengine. Kabla ya kumpa mtu kadi yake ya évolué, tume ilikuja nyumbani kukagua vitanda, jiko na meza. Akina mama wa kambi ya wafanyakazi walikuwa na seti moja tu ya uma, mafurshete kama tusemavyo hapa, wote kwa pamoja. Tume ikiingia nyumba ya kwanza kwa mlango wa mbele, uma zilikuwa tayari mezani. Ikitoka, ziliingia kikapuni na kupitishwa juu ya ua wa nyuma kwenda kwa jirani. Kwa akina Émérence mkaguzi mmoja aliushika uma, akautazama kwa muda mrefu. Ulikuwa bado umelowa maji ya kuoshewa kwa jirani. Hata hivyo baba akapata kadi, na uma mmoja ukasahaulika pale nyumbani. Mama yake alijaribu kuurudisha, lakini hakuna jirani aliyeukubali kuwa wake. Huo ndio aliokuwa akiuleta darasani kila mwaka, umefungwa kwenye leso.

Nayaeleza haya kwa sababu ya mambo ya Januari iliyopita, ambayo wengine hapa shuleni hawayataji bado bila kukunja uso. Paa la darasa la tano lilikuwa limeoza. Mvua ikinyesha, maji yalishuka kutoka Kanada mpaka Brazili, na ramani ilikuwa inakwisha mbele ya macho yetu. Tukapata habari kwamba shirika moja la kigeni linakuja kukagua shule zinazostahili kuezekwa upya. Mkuu wetu, Bwana Prefe Casimir, mtu mwema asiyetaka watoto walowe, akaona tusionekane tumejitosheleza. Madawati mapya yaliyotengenezwa na wazazi na kompyuta zetu mbili vikabebwa kwenda nyumbani kwa katibu, Emmanuella. Tukawa maskini kwa muda usiotimia saa moja.

Mama Émérence alikutana na dawati la mwisho langoni. Akasimama njiani, na maneno yake tunayo wote: “Mama yangu aliazima mafurshete juu baseme shiye tuko bantu ba maendeleo. Leo minye nifiche madeski juu baseme tuko bamasikini? Apana, Prefe. Murudishe byote. Babone vile tuko.”

Vikarudishwa. Wageni wakaja, wakaona, wakanywa chai, wakashukuru. Mwezi Machi jibu likafika: shule yenye kompyuta haiingii katika kundi lao, na mabati yangekwenda kwa shule moja upande wa Buluo. Mama Émérence alisema ni sawa, kwa kuwa kule hata kuta hazijakamilika. Wenzetu kadhaa waliacha kumsalimu. Jioni hiyo nilimkuta peke yake darasani akiikausha ramani kwa kitenge chake, akilia. Miaka yote hiyo sikuwa nimewahi kuyaona machozi yake, nikachukua kitambaa cha ubao nikaanza kukausha upande wa Asia.

Gracien yule wa dawati la mbele sasa ana karakana yake ya kuchomelea, na binti yake Shekina yuko darasa la tano. Habari ilimfikia kupitia kwa mtoto. Jumamosi iliyofuata alifika na ngazi, mabati, na wanafunzi wa zamani ambao nywele zao zimeanza mvi. Walifanya kazi mpaka jua likaelekea kuzama, na Prefe Casimir mwenyewe akawashikia ngazi. Bati la mwisho lilipokaa, Gracien aliita kutoka juu: “Madame! Leo tunaanzia hapa kuhesabu!” Akajibiwa aangalie kwanza mahali anapokanyaga.

Ramani ipo, ina doa refu kuanzia kaskazini hadi kusini, na mwenyewe amekataa lisipakwe rangi. Uma amemkabidhi Mwalimu Noëlla, anayeshika nafasi yake, pamoja na leso. Siku ya kumuaga tutakula bukari, yaani ugali wetu, na samaki, kwa mikono.

Mama Émérence, asante. Umetufundisha kusoma majina tunayopewa bila kuyaogopa na bila kuyaazimia vyombo. Chumba chako kitakuwa kimya, nami nitakukosa sana. Pumzika, lima bustani yako, ukae na wajukuu kwa afya na furaha. Ila tunakuomba usiligawe lile beseni. Siku Kongo itakapotoka katika orodha, shule nzima itakuja kubisha mlangoni kwako, na hatutaondoka bila mandazi.

Symphorien Kalala, mwalimu wa hisabati