Jani la Sale Mbele ya Kamera

Ndugu zangu wa jumuiya, haya nimeyaandika kwenye karatasi, nikaichana, nikaandika tena mara nne. Mnisamehe nikisoma. Nikisema bila karatasi naogopa nitaanza kuigiza.

Wengi mnanijua sura, jina hamlijui. Mimi ndiye nesi, dada wa kazi, jirani anayelia msibani. Uigizaji sikuusomea. Nilijifunza mbele ya kioo, hapa hapa Rau, hadi nikaitwa Dar es Salaam kwenye tamthilia za runinga. Kila kitu nilitaka kiwe sawasawa. Nilipopewa nafasi ya binti anayemwomba mama yake radhi, nikasema tutumie jani la sale la kweli. Kwetu ukimpelekea mtu jani hilo umelifunga fundo, umemwomba msamaha, na si rahisi akukatalie. Nililichuma kihambani kwa mama, mpakani mwa migomba yake kule Mkuu, bila kumwambia ni la nini. Nikalitoa mbele ya kamera mara kumi na moja.

Mwaka uliofuata baba akafariki. Habari ilinikuta tukirekodi msiba wa tamthilia. Mwongozaji aliniruhusu niondoke. Ndugu zangu, nawaambia, mimi ndiye niliyesema tumalize kwanza, kwa sababu kilio changu hakikuwa kimetoka vizuri. Tukarudia siku tatu; nikafika baba ameshazikwa. Sikutoa chozi. Nikasikia mtu akisema nyuma yangu kwamba mwenye machozi ya kulipwa hana ya bure.

Nikampelekea mama jani. Hakulipokea.

"Hilo nililiona kwa jirani, kwenye runinga," alisema. "Kule ulilitoa vizuri zaidi."

Nilirudi Rau. Miezi mingi nilikula, nikaoga, nikalala. Sikusikia uchungu. Nikiitwa kazini, siendi.

Mama mmoja wa humu, simtaji, akaniambia, "Nenda ukamkatie mama yako majani ya ng'ombe. Usiombe kitu." Nikawa napanda Mkuu kila Jumamosi. Mama hakunisemesha, ila aliniwekea chai. Hadi siku moja akasimama nyuma yangu zizini.

"Siku tunamzika baba yako, wewe ulikuwa unamlilia nani?"

Nikamwambia ni mzee mmoja ndani ya jeneza, kila tukipumzika anaamka kuomba soda.

Mama akacheka, kidogo tu. "Wa kwetu angeamka angeomba mbege, si soda." Akanipokea mundu mkononi. "Haya, lete jani."

Nikalichuma, nikalifunga haraka, fundo likaenda upande. Nilitaka kulifungua nilifunge upya. Mama akalichukua hivyo hivyo.

Bado sijalia, ndugu zangu. Labda itakuja. Nawashukuru mlioniletea uji na kukaa nami bila kuniuliza maswali. Asante, mama uliyenituma kukata majani. Nilichojifunza ni kidogo: ukiitwa nyumbani, nenda, kazi ibaki nusu. Na ukiomba radhi, usirudierudie mpaka ipendeze.

Karatasi hii ina makosa. Nimeyaona, nimeyaacha.