Nini Kilimuua Jaji

Pale Bwera, kwenye barabara inayoshuka mpakani, mbele ya stoo ya kununulia kahawa, ipo mizani kuukuu isiyopima tena kitu, na kando yake ubao wa Fuso uliolazwa juu ya mawe mawili. Hapo ndipo kijiwe cha Mizani. Kila asubuhi Naswiba anawasha jiko lake la makaa, anateleka birika la kahawa yenye tangawizi, na kabla halijachemka wenye ubao wameshafika. Niwataje mapema msije mkanichanganyia watu. Yupo Kasim muuza nguo, aitwaye Mombasa, kwa kuwa aliwahi kuishi Mombasa miezi miwili akarudi na gunia la methali asizojua pa kuzipeleka. Yupo Jonan mlinzi wa stoo, aitwaye Afande, ambaye jeshini alikuwa mpishi, lakini hilo halisemwi mbele yake. Yupo Swalik mwenye gari la mizigo la kwenda Kongo, aitwaye Duwani, ndivyo Wakongo wanavyoiita forodha, maana hagombani na mtu duniani ila watu wa forodha, na hao anagombana nao kila siku ya Mungu. Na yupo Semu, mjumbe wa afya wa kijiji, aitwaye Daktari Begi, kwa sababu serikali ilimpa begi na mpaka leo haijampa cha kutia ndani. Wa tano alikuwa mzee Ezironi, waliyemwita Jaji. Huyo walimzika kwao Kyondo juma lililopita, na ubishi ninaowasimulia ulikuwa juu yake.

Semu alifika na fomu mkononi, uso umemshuka.

— Imerudi tena? — akauliza Naswiba, akimmiminia.

— Imerudi. Mara ya pili.

Kazi yenyewe ni hivi. Mtu akifa kijijini, Semu anajaza fomu ya sababu ya kifo, anaipeleka kituo cha afya kwa Aidah, mama wa rekodi, naye Aidah anaitia kwenye hesabu ya wilaya: wa malaria wangapi, wa ajali wangapi, wa uzazi wangapi. Jaji alikutwa Jumanne asubuhi amekufa kitandani, peke yake, mlango kaufunga kwa ndani. Semu akaandika, uzee. Aidah akairudisha: uzee si ugonjwa, ungekuwa ugonjwa mimi na wewe tungekuwa tumeshaambukizwa. Semu akafuta, akaandika, moyo ulisimama. Ikarudi na wino mwekundu: moyo wa kila maiti umesimama, niambie ulisimamishwa na nini. Sasa alikuwa amepewa mpaka saa nane mchana. Saa nane ikifika bila jibu, Jaji anaingizwa kwenye mstari wa mwisho kabisa wa daftari, ule wa "haijulikani".

Semu aliujua mstari huo. Wa mwisho kuwekwa hapo alikuwa mtu aliyeokotwa kwenye mto wa mpakani, hana jina wala wa kumlilia. Jaji alikaa ubavuni mwa Semu kwenye ubao huu miaka tisa. Kumlaza na yule wa mtoni kulimuuma Semu kweli kweli, ila aliona haya kulisema mbele ya watu hawa, maana wangemcheka.

— Basi leo hakuna mutu anatoka hapa mpaka hiyo karatasi ijae, — akasema Afande. — Soma. Sauti juu.

Semu akasoma. Mstari wa kwanza: kilichomuua. Wa pili: ambacho kilisababishwa na. Wa tatu: ambacho nacho kilisababishwa na.

— Kumbe ni ukoo, — akasema Kasim. — Kifo kina baba na kina babu.

— Ndiyo hivyo. Na Aidah hataki mtoto, anataka babu.

— Si rahisi hiyo? Kilichomuua ni moyo. Moyo ulisababishwa na presha. Presha ikasababishwa na mawazo.

— Mawazo ya nini? — akauliza Afande.

— Ya bei ya kahawa. Jaji alikuwa na miti mia mbili kule Kyondo. Waswahili wanasema, mchumia juani hulia kivulini. Yeye alikufa ndani ya nyumba, si kivulini hapo?

— Hulia kivulini maana yake anakula, — akasema Semu.

— Anakula au analia, yote ni mdomo. Andika.

Swalik alikuwa ameshika kikombe kwa mikono miwili, akatikisa kichwa.

— Weye Mombasa uko nasimama katikati ya njia. Endelea kupanda. Bei ya kahawa iko chini juu ya nini? Juu ya batu ya duwani. Gari inalala pale siku tatu, kahawa inashika maji, munuzi anakata bei. Basi andika: Jaji aliuliwa na duwani.

— Kila kitu kwako ni forodha, — akasema Naswiba. — Juzi mbuzi wako alitoa mimba, ukasema forodha.

— Na ilikuwa bongo, nilidanganya?

Semu akatazama fomu. Moyo, presha, mawazo, bei, forodha. Mistari ilikuwa mitatu na wao walikuwa wamefika wa tano.

— Nafasi imekwisha, — akasema.

— Omba karatasi ingine, — akasema Afande. — Serikali iko na karatasi mingi.

Kasim hakupenda kushindwa na mtu wa lori. Akavuta kiatu chake mbele, ndiyo kawaida yake akitaka kusema kubwa.

— Mimi narudi nyuma kidogo. Jaji alikuwa na koti moja. Mvua koti, jua koti, kanisani koti. Sasa wahenga walisema nini? Kikulacho ki nguoni mwako. Daktari, andika koti.

— Koti haliui mtu, Kasim.

— Wewe umesoma ngapi kuliko wahenga? Ningemuuzia jaketi safi la mtumba kwa bei ya undugu, akakataa. Angalia sasa.

— Hiyo ni tangazo ya biashara, — akasema Afande. — Nyinyi raia munajaza fomu kama munajaza tumbo. Fomu ya serikali inajazwa kwa faida. Sikieni. Ukiandika malaria wanaleta neti. Neti tunazo, kuku wanalalia. Ukiandika nyoka wanaleta dawa ya nyoka, na hapa nyoka hakuna. Sisi tunataka nini hapa Mizani? Tunataka matuta barabarani, haya malori yapunguze mwendo. Andika ajali ya gari.

— Afande, mzee alikufa kitandani.

— Kitanda kilikuwa wapi? Mita nne toka kwa lami. Lori inapita usiku, nyumba inatetemeka, mzee anatetemeka. Miaka tisa. Hiyo ni kugongwa polepole.

Swalik akaweka kikombe chini.

— Lori gani hiyo? Unasema lori yangu?

— Nimesema malori. Kama umejisikia ni wewe, mimi siko ndani.

— Miye nilibeba ile sanduku yake mpaka Kyondo bila kuomba hata ya mafuta, na sasa muko naniandika kwa karatasi ya polisi?

— Haraka haraka haina baraka, — akasema Kasim, kwa kumtuliza.

— Nani alikuwa na haraka?

— Jaji. Si ameondoka kabla yetu?

Hapo Semu alicheka, ingawa hakutaka. Wote wakacheka. Ndivyo walivyokuwa siku zote, wanakaribia kupigana halafu mmoja anasema upuuzi na kahawa inaongezwa. Zamani ubishi ukifika hapo Jaji angegeuza kikombe chake kifudifudi, na yeyote aliyekuwa anasema wakati huo alihesabiwa ameshindwa. Hakuwa na maneno mengi yule mzee. Alikaa mwisho wa ubao, akasikiliza, akanywa, akaenda zake.

Afande akafuta machozi ya kicheko, kisha akawa mzito ghafla.

— Kweli nawaambia, mimi nimeijua sasa. Yule mzee alikula maneno yetu miaka tisa bila kujibu. Mutu asipotoa maneno, yanaenda wapi? Yanabaki kifuani. Yanaoza. Jaji ameuawa na maneno.

— Maneno ya nani? — akauliza Naswiba.

— Ya hapa.

— Basi waliomuua ni nyinyi.

Wakatazamana.

— Andika Duwani, — akasema Kasim. — Ndiye anayepiga kelele kuliko wote.

Swalik alikuwa anatafuta tusi la kufaa wakati mwanamke aliposimama mbele yao. Alikuwa na gunia tupu mkononi na ufunguo umefungwa kwenye ncha ya leso. Walimjua, walimwona mazikoni: Ketura, binti pekee wa Jaji, anayelima Kyondo. Ameshuka kuchukua vitu vya babake kwenye chumba alichokuwa amepanga hapa Bwera.

— Wasingya, wazee wangu, — akasema, akiwashukuru kwa Lhukonzo, akapiga goti kidogo. — Asanteni kwa siku ile. Na asante ya gari.

— Pole mwanetu, — wakajibu. Afande akasogea, wote wakasogea, nafasi ikapatikana mwishoni mwa ubao. Naswiba akampa kahawa. Kasim akamweleza habari za fomu, namna wanavyopigania jina la babake lisitupwe, toka asubuhi hawajafanya kazi nyingine. Akaeleza vizuri, koti akaliruka.

Ketura akasikiliza mpaka mwisho. Alikuwa na usikivu wa babake.

— Mimi kila Jumapili nilimpigia simu, — akasema. — Nikiuliza, baba uko namna gani, ananiambia niko sawa. Simu ni simu. Lakini nyinyi mulikaa naye kila siku. Alikuwa anaumwa wapi?

Swalik akamtazama Kasim. Kasim akamtazama Semu.

— Unajua baba yako hakuwa mutu wa kulialia, — akaanza Afande.

— Najua. Ndiyo maana nauliza nyinyi.

Semu akageuza fomu. Nyuma kulikuwa na maswali madogo madogo ambayo mpaka siku hiyo alikuwa anayaruka, kwa sababu hayakuwa na nafasi ya kuandika, ni vijisanduku tu vya ndiyo, hapana, sijui. Akasoma la kwanza, sauti ikiwa chini.

— Mwezi wa mwisho, alikuwa anakohoa?

— Hapana, — akasema Kasim.

— Una hakika?

Kasim akafikiri. — Hapa watu wanakohoa, vumbi hili. Sijui kama ni yeye.

— Miguu ilivimba?

— Alikuwa anavaa gambuti, — akasema Naswiba. — Miguu yake sijapata kuiona.

— Alikonda?

— Lile koti lilificha yote, — akasema Kasim.

— Alikuwa analala amekaa? Anapata kiu sana? Choo kilikuwa na damu?

Semu aliendelea kusoma mpaka chini, na kila swali akatia alama kwenye kijisanduku kilekile cha sijui. Kumi na nne. Mwenye begi la afya alikuwa yeye. Bega lake na la Jaji yaligusana miaka tisa, na kila asubuhi alimuuliza, mzee za leo, naye akasema nzuri, na Semu akageukia ubishi. Moyo ulimuuma, na safari hii hakuona haya, alisema.

— Nisamehe, mwanangu. Hatujui. Tulikaa naye tu.

Ketura akazungusha kahawa iliyobaki kikombeni.

— Hata mimi sijui, — akasema. — Andika hivyo. Usimwandikie uongo.

Alimaliza kahawa, akainuka, akaenda na gunia lake kufungua kile chumba. Semu akaandika kwenye mstari wa kwanza: haijulikani. Mistari miwili ya chini akaiacha wazi. Akaikunja fomu, akaitia begini. Kasim alikuwa anatazama barabara. Naswiba alichochea makaa ambayo hayakuhitaji kuchochewa.

— Semu, — akasema Swalik.

Alikuwa hajawahi kumwita Semu. Miaka yote alimwita Daktari Begi.

— Nini?

— Miye niko nakojoa damu.

Ubao wote ukageuka.

— Tangu lini?

— Mbele ya Idi kufika.

— Idi ndogo ama Idi kubwa? — akauliza Naswiba.

— Ndogo.

— Hiyo ni miezi mingi, Swalik. Ulimwambia nani?

— Nani aliniuliza?

Kasim alifungua kinywa, methali ilikuwa imeshafika mlangoni. Kwa mara ya kwanza tangu arudi kutoka Mombasa, aliimeza.

Semu akasimama, akatia begi begani, akamshika Swalik kiwiko.

— Simama, twende. Fomu nampelekea Aidah, na wewe nakuingiza kwa daktari. Njiani utanieleza yote, polepole, na forodha uiache hapa.

— Gari yangu iko pale na mizigo.

— Gari nitalinda mimi, — akasema Afande, lakini naye alikuwa ameshasimama, akawafuata hatua mbili, akajikuna kidevu. — Daktari. Hiyo karatasi yako iko na maswali ya magoti?

— Yapo.

— Nauliza tu.

— Njoo, — akasema Semu.