Mashine ya Osaka Iliponiambia Hatari

Bwana asifiwe, ndugu zangu! Asifiwe na ninyi wa Guildford mliokuja kwa miguu, na asifiwe mara mbili na ninyi wa St Marys mliosimama kwenye treni njia nzima. Mimi ni Baba Imani, yule wa ghala la magodoro, yule ambaye akipewa dakika tano za kushuhudia anachukua arobaini. Safari hii wazee wa kanisa wameniambia niandike, ili niwe mfupi. Tutaona.

Wengi mnanijua kwa sababu ya cheti. Nilikuja nchi hii ya Australia na elimu ya darasa la saba na sauti ya kwaya, basi. Nikaanza masomo ya jioni pale Fairfield baada ya shifti, na nikasoma muda mrefu kiasi kwamba mlinzi wa jengo alianza kunipa shikamoo za Kizungu akidhani mimi ndiye mkuu wa chuo. Nilipopata cheti nikakitundika sebuleni, mahali ambapo mgeni hawezi kukaa bila kukiona. Tangu siku ile niliamini hakuna kitu chini ya jua ambacho mimi siwezi kujifunza nikitulia. Imani hiyo, ndugu zangu, ilinipeleka mahali pabaya.

Mke wangu Salome ana dada yake mkubwa, Yunisi, aliyeolewa Japani, katika mji wa Osaka. Mumewe anaitwa Kenji, mwanyumba wangu, maana tumeoa ndugu, mtu mpole, akikusalimu anainama mpaka unaogopa amedondosha kitu. Mwaka huu Yunisi alipatikana na uvimbe tumboni, madaktari wakasema lazima apasuliwe. Salome akaomba likizo kwenye nyumba ya wazee anakofanya kazi, mimi nikaomba ghalani, mtoto wetu Imani tukamwacha kwa jirani yetu Mkenya, tukapanda ndege.

Tulimkuta Yunisi amelazwa tayari kwa vipimo. Alikuwa amekonda, lakini mdomo wake ni ule ule. Siku ya kwanza tu aliniita karibu na kitanda akaniambia jambo lake. Alisema ameishi kule miaka mingi, anaota kwa Kijapani, hata akijikwaa analalamika kwa Kijapani. Hofu yake haikuwa kisu. Hofu yake ilikuwa ile sindano ya usingizi, kwamba atalala katikati ya maneno ya kigeni na huenda asiamke.

"Shemeji," aliniambia, "nataka kitu cha mwisho kuingia masikioni mwangu kiwe Kiswahili, na kiwe maombi. Uje uniombee pale mlangoni pa chumba cha upasuaji."

Nikamwambia dada yake yupo, tena anaomba vizuri kuliko mimi.

"Salome ataanza kulia, na mimi nitalia. Wewe unaomba kama mtu anayeuza vitunguu. Sauti yako haitetemeki. Ndiyo nitakayo."

Nikaahidi. Nikamshika mkono nikaahidi mbele ya Salome. Kumbukeni hilo ndilo lilikuwa jukumu langu pekee katika nchi nzima ya Japani.

Sasa, mgonjwa wa vipimo unamwona kwa muda, kisha unatolewa nje. Ng'ambo ya barabara kutoka hospitali kulikuwa na jumba linalowakawaka taa mchana kweupe. Mimi nilichofuata mle ni choo. Nawaambia ukweli, choo! Na kilikuwa choo kisafi kuliko sebule yangu. Nikamaliza, nikanawa, nikaanza kutoka, dhamiri ikanisuta. Kwetu huwezi kuingia kwa mtu, ukatumia choo chake, ukaondoka kama mwizi bila hata kukaa. Nikaona heshima ni kukaa kidogo. Nikakaa.

Pale nilipokaa palikuwa mbele ya mashine ya pachinko. Kwa asiyeijua, ni kamari ya Wajapani, kama kabati la kioo lililosimama wima, ndani limepigwa misumari myembamba. Unashika kitasa mkono wa kulia, gololi za chuma zinarushwa juu, zinashuka zikigonga misumari, na wewe unatamani moja iingie kwenye kitundu kidogo katikati. Ikiingia, tarakimu zinazunguka kwenye skrini. Tatu zikifanana, umekula, unamwagiwa gololi beseni zima. Na hayo yanafanyika kwenye mashine elfu moja kwa wakati mmoja, kwa kelele ambayo hata parapanda ya mwisho itabidi ipigwe mara mbili mle ndani.

Jirani yangu alikuwa bibi mmoja mwenye kofia ya kufuma. Aliona ninavyokizungusha kitasa mpaka mwisho kama mtu anayewasha pikipiki, gololi zote zinapitiliza. Akanipiga mkono kidogo, akakirudisha kitasa nyuma, akanionyesha kwa kidole: taratibu, hapo hapo, usiguse tena. Gololi zikaanza kushuka vizuri. Ndugu zangu, nilisikia raha ile ile niliyoisikia siku ya cheti. Mwanafunzi amepata mwalimu!

Kesho yake nilirudi. Na kesho kutwa. Nilijifunza kuchagua mashine kwa kutazama misumari imelala vipi. Nilijifunza kwamba ukitaka kwenda chooni unaacha leso kwenye sinia na hakuna atakayekalia kiti chako. Bibi alinifundisha na jina la zile gololi: tama. Nilicheka peke yangu. Jioni nikamsimulia Salome, nikamwambia huku wenzetu wanacheza na tamaa, tena wanazibeba kwenye beseni.

Salome hakucheka. Aliuliza, "Na wewe Baba Imani, umebeba beseni ngapi?"

Nilimjibu kwamba mimi nasoma tu. Na ni kweli, fedha haikuwa imenishika. Kilichonishika ni kwamba bado sijafaulu. Tarakimu mbili zinafanana, ya tatu inapita. Mbili zinafanana, ya tatu inapita. Saa ya kumwona mgonjwa ikifika nafika nimechelewa, nimekaa kitandani kwa Yunisi, macho yangu yanaona misumari. Alikuwa ananisimulia habari za mama yao nami naitikia "ehee" mahali pasipo na "ehee". Alinitazama tu, akavuta shuka.

Hapa Sydney klabu zetu zimejaa mashine za kamari tunazoziita poki, nimezipita maisha yangu yote bila hata kugeuza shingo. Kwa hiyo nilijiona mzima. Mtu aliyefungwa kamba anayoijua anaomba afunguliwe. Mimi kamba yangu nilidhani ni somo.

Ikafika siku ya upasuaji. Tuliambiwa ataingia saa kumi alasiri. Baada ya chakula cha mchana nikamwambia Salome nakwenda kunyoosha miguu. Alijua miguu yangu inanyooka wapi. Alisema tu niwashe simu, nikaiwasha, nikaitia mfukoni, nikavuka barabara.

Bibi alikuwepo. Nikakaa. Gololi zikaingia kitunduni, tarakimu zikazunguka, moja ikasimama, ya pili ikafanana nayo. Simu ilitikisika mfukoni. Niliisikia, ndugu zangu. Niliisikia kwenye paja na sikuigusa, kwa sababu ya tatu ilikuwa bado inazunguka. Ikatikisika tena. Nikaminya mfuko ili inyamaze.

Tarakimu ya tatu ikasimama. Taa zote zikalipuka, nyekundu, manjano, na mashine ikapiga ukelele kwa sauti ya mwanamke:

"Hatari!"

Nawaambia nilisikia Kiswahili. Kiswahili safi, na ile h ya mwanzo imemezwa kidogo kama wanavyomeza wajomba zangu. Nikageuka kwa bibi, naye amenishika mkono wa shati, macho yamemtoka, anarukaruka: "Hatari! Hatari!" Mimi nikajua basi, jumba linaungua. Simuachi mwalimu wangu afe! Nikamkamata mkono, na mkoba wake, nikamtoa mbio katikati ya zile mashine mpaka barabarani. Watu walitutazama. Hakuna aliyeinuka. Nikasema moyoni, maskini, hawajui lugha.

Nje hapakuwa na moshi. Palikuwa na mama anasukuma mtoto kwenye kigari. Bibi alijinasua, akanyoosha kofia yake, akaanza kunisemesha kwa ukali huku ananionyesha mlango turudi. Nikatoa simu niwaite zimamoto. Hapo ndipo nilipoyaona maneno ya Salome: daktari amewahi, wanamchukua sasa hivi, uko wapi, Baba Imani, anakuuliza.

Sijui uso wangu ulionyesha nini. Bibi alinitazama, akaitazama simu, akatazama hospitali niliyokuwa naitazama mimi. Akaacha kunivuta. Akanisukuma mgongoni kuelekea barabara.

Nilikimbia! Mimi mwenye mwili huu mnaoujua, nilipanda ngazi kama mbuzi kwa sababu lifti ilikuwa inajifikiria. Nikawakuta kwenye korido mbele ya mlango mkubwa. Yunisi alikuwa anatembea kwa miguu yake mwenyewe kwenda kupasuliwa, ndivyo wafanyavyo kule, amevalishwa kofia ya plastiki, Kenji upande mmoja, Salome upande mwingine amefura macho. Nesi alikuwa ameshabonyeza mlango.

Nilimshika Yunisi kichwa. Nilikuwa nimeandaa maombi marefu yenye Ibrahimu na Isaka na Yakobo. Pumzi haikuwepo. Nilisema, "Bwana, huyu ni Yunisi. Mshike. Amina."

Yunisi akafungua jicho moja. "Ndiyo hayo tu, shemeji?"

"Muache," Salome akasema. "Leo vitunguu vimekwisha sokoni."

Yunisi akacheka. Aliingia mle ndani anacheka, mlango ukajifunga, na kicheko chake ndicho cha mwisho tulichosikia. Kikiwa Kiswahili kitupu.

Alitoka salama, utukufu kwa Mungu! Uvimbe wameutoa wote, na sasa anawasumbua manesi kwa lugha mbili.

Kesho yake nilimsimulia mwanyumba wangu Kenji habari za moto. Alisikiliza kwa adabu, kisha akafunika uso kwa mikono, mabega yakawa yanatikisika. Alinieleza kwamba mashine haikusema hatari. Ilisema "oatari", maana yake umepata, umeshinda, tena ushindi mkubwa kuliko wote. Bibi alikuwa ananishika nisiondoke. Nilikuwa nimefaulu, ndugu zangu! Mtihani niliousomea wiki nzima nilifaulu, na nilitoka mbio bila kuchukua gololi hata moja. Sikurudi kuziulizia.

Nimelitafakari jambo hili kila siku nikiwa ghalani. Mashine iliniita ili nikae. Mungu alilichukua neno lile lile angani, akalifikisha kwenye sikio langu likiwa limegeuka. Ningekuwa najua Kijapani ningebaki pale, na Yunisi angepita mlango ule akigeuka nyuma kunitafuta. Wengine Bwana huwaokoa kwa ujuzi. Mimi aliniokoa kwa kutojua, na namshukuru kwa lile somo ambalo hakuniruhusu nilisome.

Kwa hiyo nakualika wewe. Huenda ni poki za klabu, huenda ni simu yako yenyewe, huenda ni kitu kizuri kabisa kilichokushika mahali pasipo pako huku kuna mtu amesimama mlangoni anauliza uko wapi. Usisubiri upewe tafsiri. Inuka kwanza, mtegemee Bwana, maelezo utayakuta mbele ya safari. Na kama miguu inagoma, Jumamosi asubuhi mimi huwa stesheni ya Guildford nikisubiri treni ya kazini. Njoo usimame nami. Nitakuongelesha mpaka utamani kukimbia, na ukikimbia, tutakimbia wote kwenda kule unakosubiriwa. Sifa ni za Bwana, aliyepokea hata maombi ya mtu asiye na pumzi.